Umri, Nyara na Dhamana: Historia ya Mtoto Mahabusu Katika Robanda na Wilaya za Serengeti na Tarime, 1937–2020

Katika maandishi mengi kuhusu haki jinai kwa watoto nchini Tanzania, historia huanzia mwaka 2009, Bunge lilipopitisha Sheria ya Mtoto, Na. 21 ya mwaka huo. Yaliyotangulia hufupishwa katika aya moja, kana kwamba kabla ya hapo hapakuwa na chochote cha kusimulia. Makala haya yanapinga mpangilio huo. Kanuni kwamba mtoto aliyekamatwa aachiwe kwa dhamana arudi kwa mzazi wake, na kwamba asichanganywe na watu wazima mahabusu, ilikuwa imekwisha kuandikwa katika Sheria ya Watoto na Vijana, Sura ya 13, iliyotungwa na serikali ya kikoloni ya Tanganyika mwaka 1937. Kwa zaidi ya miaka sabini kabla ya Sheria ya Mtoto, haki hiyo ilikuwapo kwenye karatasi. Hata hivyo, Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora ilipokagua magereza na vituo vya polisi na kutoa taarifa yake mwaka 2011, ilikuta watoto wakiwa wamezuiliwa pamoja na watu wazima. Swali la mwanahistoria, basi, ni haki hiyo ilikuwa ikipotelea wapi.

Jibu linalotetewa hapa ni kwamba ilikuwa ikipotelea mahali pawili: katika kuhesabu umri wa mtoto na katika kupima uzito wa kosa. Robanda imechaguliwa kwa sababu pale mahali hapo pawili panaonekana kwa wakati mmoja. Ni kijiji cha Waikoma katika Wilaya ya Serengeti, jirani na ngome ambayo Wajerumani waliijenga Ikoma. Kwa upande mmoja kinapakana na maeneo yaliyoingizwa katika Hifadhi ya Taifa ya Serengeti, iliyoanzishwa mwaka 1951. Kwa upande mwingine kuna mapori ya Grumeti na Ikorongo, yaliyopandishwa hadhi kuwa mapori ya akiba mwaka 1994. Baadaye kijiji kiliingia katika Jumuiya ya Hifadhi ya Wanyamapori ya Ikona. Mtoto wa Robanda anayechunga mifugo au kuokota kuni anaishi kandokando ya mipaka ambayo kila mmoja una sheria yake, askari wake na adhabu yake. Tarime inaingia katika mjadala kwa ajili ya ulinganisho, hasa kuhusu suala la umri.

Makala yanategemea matini za sheria, hukumu zilizochapishwa na kazi za wanahistoria. Hakuna mtoto anayetajwa, na pale ambapo kisa kinahitajika kwa ajili ya kufafanua hoja, kimetungwa na kimeelezwa kuwa ni cha kufikirika.

Kifungu cha miaka saba

Sheria ya 1937 iliigwa kutoka Uingereza, ambako Sheria ya Watoto na Vijana ilikuwa imepitishwa mwaka 1933. Iligawa walio chini ya miaka 16 katika makundi mawili: mtoto, aliye chini ya miaka 12, na kijana, aliyefikisha miaka 12 lakini hajafika 16. Mwenye miaka 16 au 17 alihesabiwa kuwa mtu mzima, na hivyo ndivyo ilivyobaki hadi mwaka 2009, ukomo ulipopandishwa kuwa miaka 18.

Kuhusu dhamana, sheria hiyo ilimwelekeza mkuu wa kituo cha polisi kumwachia mtoto au kijana ambaye hakuweza kufikishwa mahakamani mara moja, kwa hati ya dhamana iliyotiwa saini na yeye mwenyewe au mzazi wake. Lakini iliweka mambo matatu ya kumzuia. Mawili yalitegemea busara ya mkuu wa kituo: kumtenga mtoto na watu wabaya, na hofu kwamba kuachiwa kwake kungeharibu haki. La tatu halikutegemea busara ya mtu. Lilihusu shitaka la kuua, au kosa lolote ambalo adhabu yake inazidi kifungo cha miaka saba.

Ninaomba msomaji asimame hapo kidogo. Mwaka 1937 kosa lenye adhabu inayozidi miaka saba lilikuwa kosa zito kwa kipimo cha wakati ule. Wizi mdogo, ugomvi, kuingia katika eneo la uwindaji lililofungwa, vyote hivyo vilikuwa chini ya kiwango hicho. Aidha, dola ya kikoloni ilikuwa na njia yake ya mkato kwa wavulana, yaani viboko, na Sheria ya Adhabu ya Viboko ya mwaka 1930 iliipa njia hiyo msingi. Andrew Burton, katika utafiti wake juu ya Dar es Salaam ya wakati huo, ameonyesha jinsi watawala walivyowashughulikia vijana wa mjini kwa kuwachapa na kuwarudisha makwao kuliko kuwaweka gerezani. Sisemi kwamba huo ulikuwa utu. Ninachosema ni kwamba swali la dhamana halikuwa na nafasi kubwa pale ambapo shauri lilikwisha kwa siku moja kwa fimbo.

Baada ya uhuru adhabu zilianza kupanda. Sheria ya Adhabu za Chini ya mwaka 1963, na ile iliyofuata mwaka 1972, zililenga pamoja na mengine wizi wa mifugo, kosa ambalo Tarime na Serengeti zinalifahamu kuliko wilaya nyingi. Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori ya mwaka 1974 ilikaza masharti ya uwindaji. Mwaka 1984 ilikuja Sheria ya Kudhibiti Uhujumu Uchumi, ambayo jedwali lake la kwanza liliyaingiza makosa ya nyara za Serikali miongoni mwa makosa ya uhujumu. Sheria mpya ya wanyamapori ya mwaka 2009 iliongeza uzito, na marekebisho ya mwaka 2016 yaliifanya adhabu ya kosa la uhujumu kuwa kifungo kisichopungua miaka 20 na kisichozidi miaka 30.

Katika kipindi chote hicho, miaka saba ya mwaka 1937 haikuguswa. Ilinakiliwa karibu kama ilivyo katika kifungu cha 101 cha Sheria ya Mtoto. Kipimo kilibaki pale pale huku mizigo inayopimwa ikiongezwa uzito mwaka hadi mwaka, hadi kile kilichokusudiwa kuwa tofauti ya nadra kikawa ndiyo hali ya kawaida kwa aina nzima ya mashitaka. Mabadiliko haya hayakuhitaji mtu yeyote mwenye nia mbaya. Bunge halikuwahi kujadili kumwondolea dhamana ya polisi mtoto wa kando ya hifadhi. Lilijadili ujangili, kisha rushwa, kisha ujangili tena.

Lipo jambo jingine linalolifanya suala hili kuwa gumu zaidi kulitetea. Kifungu cha 119 cha Sheria ya Mtoto kinakataza mtoto kuhukumiwa kifungo gerezani. Kwa hiyo, mtoto anapofikishwa kituoni kwa kosa la nyara, adhabu ya miaka 20 hadi 30 ambayo mahakama hairuhusiwi kumpa ndiyo inayotumika kuhesabu kwamba hastahili dhamana ya polisi. Mwandishi wa makala haya anaona kwamba maneno "kosa linaloadhibiwa kwa kifungo kinachozidi miaka saba" yalipaswa kusomwa kwa kuangalia adhabu inayoweza kumfikia mtoto mwenyewe. Yakisomwa hivyo, kizuizi hicho kinabaki na maana finyu sana. Wapo watakaosema kwamba tafsiri hiyo inafuta maneno ya Bunge. Jibu langu ni kwamba Bunge liliandika vifungu vyote viwili katika sheria moja, na tafsiri inayokifanya kifungu cha 119 kiwe hakikuandikwa haina heshima zaidi kwa Bunge.

Nyumbu saba

Tuchukue kisa cha kufikirika. Mvulana wa miaka 15 kutoka Robanda anakutwa ndani ya hifadhi akiwa na wakubwa wawili, panga, nyaya za kutegea na miguu ya nyumbu. Hati ya mashitaka katika mashauri ya namna hii, kama inavyosomeka katika hukumu nyingi za rufaa kutoka Mugumu, huwa na makosa matatu: kuingia hifadhini bila kibali, kupatikana na silaha ndani ya hifadhi, na kupatikana na nyara za Serikali. Kosa la tatu ndilo linaloyabeba mengine na kuyaingiza katika uhujumu uchumi.

Thamani ya nyara haikadiriwi kwa bei ya kitoweo sokoni. Kanuni za mwaka 2012 zimempangia kila mnyama thamani kwa dola za Marekani. Nyumbu ni dola 650 na pundamilia ni dola 1,200. Ofisa wa wanyamapori hujaza hati ya tathmini, na mguu mmoja huweza kuhesabiwa kuwa ni mnyama mmoja aliyeuawa. Kwa kiwango cha shilingi 2,200 kwa dola, nyumbu mmoja ni shilingi 1,430,000 na pundamilia ni shilingi 2,640,000.

Kwa muda mrefu kifungu cha 29 cha Sheria ya Uhujumu Uchumi kiliweka mpaka katika shilingi milioni 10. Chini ya hapo, mahakama ya wilaya ingeweza kusikiliza ombi la dhamana. Thamani ilipofikia kiwango hicho au kukizidi, mamlaka yalikuwa ya Mahakama Kuu. Hesabu ni fupi. Nyumbu saba kwa shilingi 2,200 ni shilingi 10,010,000. Nyumbu hao hao saba kwa shilingi 2,150 ni shilingi 9,782,500. Tofauti ya shilingi 50 katika bei ya dola ilitosha kulihamisha ombi la dhamana kutoka Mugumu hadi Mahakama Kuu. Na hadi Mahakama Kuu ilipofungua masjala yake Musoma, mwishoni mwa muongo wa 2010, Mahakama Kuu kwa mtu wa Serengeti ilikuwa Mwanza.

Tukumbuke pia kwamba mahakama ya chini haiwezi kusikiliza kosa la uhujumu bila ridhaa na hati ya Mkurugenzi wa Mashtaka. Kabla nyaraka hizo hazijafika, mshitakiwa husomewa maelezo na kuambiwa hatakiwi kujibu lolote, na shauri huahirishwa. Rufaa kadhaa za Musoma zimefuta mashauri mazima kwa sababu nyaraka hizo zilikuwa na kasoro. Kwa mtu mzima hilo ni ushindi uliochelewa. Kwa mtoto, muda uliopotea una uzito wa aina nyingine, kwa kuwa unaweza kumvusha miaka 18 kabla hajaulizwa kama anakiri au anakana.

Wakili wa mtoto huyo angekuwa na hoja nzuri. Sheria ya Mtoto ni sheria mahususi na ni ya baadaye kuliko ile ya 1984, nayo inaipa Mahakama ya Watoto mamlaka ya kusikiliza mashitaka ya jinai dhidi ya mtoto. Lakini hoja huhitaji mtu wa kuisimamisha, na ni lazima kwanza ikubalike kwamba aliye mbele ya hakimu ni mtoto. Kwenye hati moja na wakubwa wawili, hilo halijitokezi lenyewe. Sheria ya 1937 yenyewe iliruhusu mtoto aliyeshitakiwa pamoja na mtu mzima asikilizwe bila utaratibu wa kukaa katika jengo au chumba tofauti. Mwanya huo ni wa zamani.

Mapambano makubwa ya kikatiba kuhusu dhamana yalipita kando ya mtoto. Hati ya Haki za Binadamu iliingizwa katika Katiba mwaka 1984 na kuanza kudaiwa mahakamani mwaka 1988. Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu, Mwanza, masjala iliyopokea pia mashauri ya Mara, alibatilisha kifungu cha 148(5)(e) cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai katika shauri la Daudi Pete. Mahakama ya Rufani, kwa hukumu ya Jaji Mkuu Nyalali, ikakubaliana na matokeo hayo mwaka 1991. Katika shauri la Jeremia Mtobesya, mwaka 2018, ilithibitisha kwamba mamlaka ya Mkurugenzi wa Mashtaka ya kuzuia dhamana kwa hati yake tu chini ya kifungu cha 148(4) yalikuwa kinyume cha Katiba. Mwaka 2020 mambo yaligeuka: Mahakama Kuu ilifuta kifungu cha 148(5) kizima katika shauri la Dickson Sanga mwezi Mei, na mwezi Agosti Mahakama ya Rufani ikakirudisha. Katika mashauri yote matatu hakuna aliyeuliza kama orodha ya makosa yasiyo na dhamana inamhusu mtu ambaye sheria nyingine inakataza afungwe.

Umri bila karatasi

Sensa ya mwaka 2012 ilionyesha kwamba Tanzania Bara wenye cheti cha kuzaliwa walikuwa chini ya mtu mmoja kati ya watano. Kampeni ya RITA ya kuwasajili walio chini ya miaka mitano ilifika Mara baadaye katika muongo huo huo, na haikuwagusa waliokuwa wamekwisha kuwa vijana. Kwa hiyo kijana aliyekamatwa Robanda mwaka 2015, kwa uwezekano mkubwa, hakuwa na karatasi ya kuonyesha.

Wakati huo huo jamii yake ilikuwa na namna yake ya kuhesabu. Miongoni mwa Waikoma na majirani zao, Wanata, Waishenyi na Wangoreme, mtu huingia katika rika liitwalo saiga. Tarime, Wakurya huwapitisha vijana wao katika tohara kwa misimu, na aliyetahiriwa hatazamwi tena kama mtoto. Mvulana wa miaka 14 aliyetoka tohara, akiulizwa kituoni kama yeye ni mkubwa, ana kila sababu ya kujibu ndiyo. Kujibu hapana kungekuwa aibu. Kwa jibu hilo moja, mara nyingi bila mzazi kuwa karibu, anaandikwa miaka 18 au 19, na maandishi hayo hutangulia mbele yake hadi mahakamani.

Kifungu cha 113 cha Sheria ya Mtoto kinailazimisha mahakama kufanya uchunguzi pale inapoonekana kwamba aliye mbele yake ni mtoto, na kinaruhusu ushahidi wa kitabibu na ushahidi mwingine, wa maandishi au usio wa maandishi. Hapa ndipo historia ina la kuchangia. Jan Bender Shetler, aliyekusanya masimulizi ya wazee wa Mara ya magharibi na kuandika historia ya Serengeti, aliyatumia marika kama kalenda ya kupangia matukio ya karne nzima. Kinachomfaa mwanahistoria kupanga matukio kinaweza kumfaa hakimu. Mzee wa Robanda au wa Tarime anaweza asijue kijana alizaliwa tarehe gani, lakini anajua alitahiriwa msimu upi, na nani, na kama mama yake alikuwa na mimba yake wakati wa tukio fulani linalofahamika. Njia hii ina kasoro, na mtahini atakuwa na haki ya kuniuliza: tohara hueleza lini mtu alitahiriwa, na katika msimu mmoja wanaweza kuwamo wa miaka 11 na wa miaka 17. Rika peke yake halithibitishi umri. Linachoweza kufanya ni kuonyesha kwamba umri ulioandikwa kituoni hauwezekani, na kwa suala la dhamana hilo mara nyingi linatosha.

Naongeza jambo la pembeni. Alama takatifu ya Waikoma, Machaba, ni pembe mbili za ndovu ambazo masimulizi yao huzihusisha na mganga wa Kitatoga, na zinaambatana na ibada za marika. Kwa lugha ya sheria ya wanyamapori, pembe ni nyara ya Serikali. Jamii inayohesabu umri wa watoto wake mbele ya pembe za ndovu imewekwa chini ya sheria ambayo kwayo pembe ni kosa na umri huo si ushahidi.

Wapi akae

Saa 24 ambazo Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inazitaja huhesabiwa kwa urahisi mjini. Anayekamatwa porini na askari wa hifadhi huanza kuonekana katika rejista ya mahabusu pale tu anapofikishwa kituoni. Saa zilizopita kati ya kukamatwa na kufikishwa hazina kitabu chake. Operesheni kubwa zilizidisha giza hilo. Operesheni Tokomeza ya mwaka 2013 ilisimamishwa mwanzoni mwa Novemba baada ya malalamiko ya mateso na ukamataji holela kufika bungeni, na mawaziri wanne wakapoteza nyadhifa zao mwezi Desemba. Mjadala ule ulihusu zaidi waliouawa, waliopigwa na waliopoteza mifugo. Umri wa waliozuiliwa haukuwa ajenda.

Mtoto akinyimwa dhamana, kifungu cha 104 kinaiagiza mahakama isimpeleke gerezani. Akabidhiwe kwa Kamishna wa Ustawi wa Jamii, kwa mtu anayefaa, au kwa taasisi itakayotajwa. Taasisi iliyokusudiwa ni mahabusi ya watoto. Sheria ilipopitishwa, mahabusi hizo zilikuwa Dar es Salaam, Tanga, Moshi, Arusha na Mbeya. Mara haikuwa nayo. Kwa mtoto wa Robanda ya karibu zaidi ilikuwa Arusha, na barabara fupi ya kwenda huko inaingia katika lango la Ikoma, inakatiza Serengeti na kupita Ngorongoro, ambako kila anayepita hulipiwa kiingilio. Njia nyingine huzunguka kupitia Mwanza, Shinyanga na Singida, siku nzima au zaidi, na kurudi hivyo hivyo kila shauri linapotajwa. Ni gereza la Mugumu tu lililokuwa umbali ambao gari la polisi lingeweza kuumudu.

Amri hiyo, hata hivyo, ina maneno "mtu anayefaa" kabla ya neno "taasisi", na maneno hayo hayatumiwi. Mwalimu wa shule ya msingi Robanda, katekista, mzee wa rika, shangazi wa mtoto mwenye nyumba yake: yeyote kati ya hao angeweza kutajwa kwa jina katika amri ya hakimu wa Mugumu siku ile ile, baada ya ofisa ustawi wa jamii kutoa maoni yake, na mtoto akalala kijijini kwake.